Lini Tutamwona Akikimbia?

Ilikuwa mwishoni mwa Januari 2022, katika kiangazi kile kifupi ambacho Kericho hukipata kama mtu alipwaye deni lake kwa mafungu madogo madogo, mjukuu wangu aliponiletea simu yake barazani akanionyesha mchezo ambao hata leo sizijui sheria zake. Ulikuwa ule mpira wa Kimarekani unaochezwa kwa mikono zaidi kuliko kwa miguu, na mtu tuliyemtazama aliitwa Ben Roethlisberger, ambaye kazi yake uwanjani, kwa jina la kwao kwotabeki, ni kuupokea mpira kila shambulizi linapoanza na kuamua, kwa muda wa pumzi mbili tatu huku majitu yakimjia, uende kwa nani. Kwa misimu 18 alikuwa ameifanya kazi hiyo katika timu moja tu, Steelers ya mji wa Pittsburgh, na mara mbili aliiongoza kutwaa ubingwa wa nchi yao. Usiku wa tarehe 3, walipokwisha kuwashinda Cleveland Browns kwa pointi 26 kwa 14, watu walibaki katika baridi kali, na yeye akauzunguka uwanja akigusana mikono na wale waliosogea ukutani, maana ilikuwa dhahiri kwa kila mmoja kwamba hatacheza tena mbele yao.

Mjukuu wangu akanieleza jambo ambalo lilinikaa moyoni kuliko picha zenyewe, nalo ni kwamba ule haukuwa mchezo wake wa mwisho. Alicheza mwingine ugenini, kisha mwingine tena Kansas City tarehe 16, ambako timu yake ilifungwa 42 kwa 21, na hapo ndipo kazi yake ilipokoma. Lakini hakuna aliyeuita mchezo wa Kansas City buriani. Buriani ilikuwa ile ya nyumbani, kwa sababu waliomwona akianza ndio waliopewa haki ya kumwona akimaliza.

Nilimrudishia simu yake, nikabaki nikiyatazama mashamba ya chai ng'ambo ya bonde, na swali moja nililolisikia nikiwa mtoto wa miaka 13 likanirudia kwa sauti ileile ya mzee aliyeliuliza.

Baba yangu alikuwa mtu wa Mombasa, aliyepanda milima hii katika miaka ya mwisho ya Vita vya Pili akiwa kijana ajuaye kusoma, kuandika na kuhesabu, na kampuni moja ya chai ikampa kazi ya karani wa mizani. Kazi yake ilikuwa kusimama kwenye kibanda cha mabati mara mbili kwa siku, wachumaji wakipanga safu na vikapu mgongoni, naye akipima majani na kuandika ratili za kila mtu katika daftari. Mimi nikazaliwa 1951 katika laini, yaani nyumba za wafanyakazi, za shamba la kampuni hiyo, nikakua nikisema Kiswahili cha mama yangu chumbani na Kikipsigis cha wenzangu uani, na mchana kutwa nikiisikia harufu ya majani yaliyokuwa yakikaushwa kiwandani, harufu ambayo mtu aliyelelewa nayo haimtoki puani hata akizeekea kwingine.

Redio ya baba ilikuwa ya betri kavu, na kwa kuwa betri zilikuwa ghali, haikufunguliwa ila wakati wa habari. Ijumaa tarehe 16 Oktoba 1964, jua likiwa limekwisha kutua na mvua ya alasiri ingali ikidondoka kutoka mapaani, Sauti ya Kenya, idhaa ambayo ilikuwa na miezi michache tu tangu kupewa jina hilo, ilitangaza kwamba huko Tokyo askari mmoja wa jeshi letu, Wilson Kiprugut arap Chumo, mzaliwa wa Kericho, alikuwa wa tatu katika mbio za mita 800. Wa kwanza alikuwa Peter Snell wa New Zealand, wa pili Bill Crothers wa Kanada, na wa nne, George Kerr wa Jamaika, aliandikiwa muda uleule wa Kiprugut, dakika 1 na sekunde 45.9, hata ikawa nishani ile ya shaba iliamuliwa kwa upana wa kifua. Nchi yetu ilikuwa haijatimiza mwaka tangu kupata uhuru. Ilikuwa imepeleka wakimbiaji katika Olimpiki tangu 1956, na Nyandika Maiyoro, mtu wa Kisii, jirani zetu wa upande wa kusini-magharibi, alikuwa amemaliza wa saba mwaka huo na wa sita 1960 katika mita 5,000. Nishani, hata hivyo, haikuwahi kuja. Hii ndiyo ilikuwa ya kwanza, na ilikuja kwa mtu wa mvua yetu.

Watu walikusanyika mbele ya nyumba yetu, wachumaji, madereva wa matrekta, na wake zao waliobeba watoto mgongoni. Baba alitafsiri maneno ya redio mara mbili, mara ya pili polepole zaidi. Ndipo mlinzi wa usiku, mzee aliyekuwa amevaa koti la jeshi lililopauka, akasogea karibu akauliza, "Karani, kijana huyu ni wa hapa?" Baba akamjibu, "Wa hapahapa Kericho, mzee." Yule mzee akatafakari, kisha akasema, "Basi lini tutamwona akikimbia?" Baba, ambaye sikuwahi kumsikia akisema uongo, alimwambia kwamba bila shaka atarudi, na kwamba watu wote wa shamba watapewa ruhusa ya kwenda kumtazama. Alisema hivyo kwa kuwa aliamini hivyo. Wakati ule sote tulidhani kwamba ushindi ni kitu ambacho mtu huenda kukichukua mbali ili aje akitumie nyumbani, kama mshahara.

Mwaka uliofuata Kiprugut akashinda mita 400 na mita 800 katika Michezo ya Afrika ya kwanza kabisa, huko Brazzaville. Na 1966 akapata fedha katika Michezo ya Jumuiya ya Madola, Kingston. Mlinzi wa usiku alikuwa akija kusikiliza kila habari hizo, na kila mara akiondoka aliuliza swali lake, sasa kwa kumtazama baba tu bila kutamka neno.

Mexico ya 1968 ilinikuta katika shule ya bweni. Juma lile la Oktoba lilikuwa la shani ambayo nchi hii haijapata kuiona tena kwa namna ileile, na naamini ndilo lililomfanya Kiprugut asahaulike mapema. Tarehe 13 Naftali Temu alishinda mita 10,000 akawa Mkenya wa kwanza kupata dhahabu. Tarehe 16 Amos Biwott akashinda mbio za kuruka viunzi na maji. Tarehe 20 Kipchoge Keino akamwacha Jim Ryun wa Marekani mbali nyuma katika mita 1,500. Katikati ya dhahabu hizo, tarehe 15, Kiprugut alitoka mbele tangu mwanzo, akauvuta msafara mzima kwa mzunguko wa kwanza wa kasi ya kutisha, katika mji ulio mita 2,240 juu ya bahari, akabaki mbele hata walipoingia njia ya mwisho iliyonyooka, ndipo Ralph Doubell wa Australia alipompita. Muda wa Doubell, dakika 1 na sekunde 44.3, uliifikia rekodi ya dunia. Wa Kiprugut ulikuwa 44.5. Sehemu mbili za kumi ya sekunde! Mtu hawezi kulitamka jina lake mwenyewe kwa muda huo.

Bwenini tulishangilia dhahabu. Mimi pia nilishangilia dhahabu, nami ndimi niliyestahili kuliko wenzangu wote kukumbuka kwamba mtu yule alikuwa Mkenya wa kwanza kupata nishani katika Olimpiki mbili, na kwamba mlango ambao wengine waliupitia juma lile kwa vifijo yeye alikuwa ameufungua peke yake miaka minne kabla. Hayo niliyatambua baadaye sana, nikiwa mwalimu. Umati hauna ubaya. Una kumbukumbu fupi tu, na asiyekuwa mbele ya macho yao hawezi kuirefusha.

Likizo ya Desemba niliporudi nyumbani, mlinzi wa usiku alikuwa amekwisha kufariki. Hakuwa amemwona akikimbia.

Nilianza kufundisha 1976, na baada ya muda nikapelekwa upande wa Bomet, ambao wakati ule ulikuwa bado sehemu ya wilaya ya Kericho, nikapewa Kiswahili na michezo. Uwanja wetu ulikuwa wa nyasi, umezungukwa na chai pande tatu na miti ya mikaratusi upande wa nne, na ulikuwa na mteremko, hata mkimbiaji wa mita 800 alipanda mara mbili na kushuka mara mbili. Mistari tuliichora kwa majivu ya jikoni. Mvua ikinyesha, na huku hunyesha aghalabu kila alasiri, mistari ilikwenda na maji, na vijana wakakimbia kwa kukumbuka tu ilikuwa wapi. Niliyajua mafunzo ya mbio kutoka vitabuni. Lakini uwanja ule ulinifunza kwamba ustadi mkubwa wa mita 800 ni kujua lini usikimbie, na kwamba kijana aliyezoea kwenda mizani akiwa na kikapu cha mama yake mgongoni hulijua jambo hilo kabla hajafundishwa.

Mnamo 1986 nilikuwa na kijana mmoja ambaye jina lake sitalitaja, kwa kuwa hajapata kuwa mtu wa magazetini na hapendi. Alikuwa mrefu, mkimya, na alikimbia kana kwamba ardhi ilikuwa moto. Alikuwa amepata nafasi katika chuo kikuu kimoja cha Marekani kwa sababu ya miguu yake, kama walivyokwisha kupata vijana wengi wa mikoa yetu tangu miaka ya sabini, na alikuwa akingoja karatasi za safari. Siku moja, baada ya vipindi, aliniomba nimpimie. Nilisimama kwenye mstari na saa yangu ya kupimia mbio. Watazamaji walikuwa wanafunzi saba waliokuwa wakingoja zamu ya kuchota maji. Alikimbia mizunguko miwili kwa dakika 1 na sekunde 52, juu ya nyasi, juu ya mteremko, bila mtu wa kushindana naye. Nikamwonyesha saa, akatikisa kichwa, akavaa sweta, akaenda zake.

Mama yake alikuwa umbali wa nusu maili tu, kwenye kituo cha kununulia majani, amepanga safu tangu saa nane akingoja lori la kiwanda. Sikufikiri kumwita. Nilidhani kutakuwa na siku nyingine. Siku kumi na moja baadaye kijana akaondoka, na zile mbio zikawa ndizo za mwisho alizopata kukimbia katika ardhi iliyomzaa akiwa na nguvu zake.

Aliniandikia barua kwa miaka kumi na moja. Alinieleza kumbi zenye paa ambamo watu hukimbia wakati wa theluji, na njia za mpira zisizoharibika kwa mvua, na jinsi miguu yake ilivyotafuta mteremko asiupate. Barua ya mwisho kuhusu mbio ilisema kwamba mshipa wa kisigino umemshinda, na kwamba ameacha. Alikuwa amemaliza wa tano katika mji ambao nililazimika kuutafuta katika ramani. "Mwalimu," aliandika, "nilipovuka mstari nilijua kwamba ndiyo basi, lakini hakukuwa na mtu wa kumwambia."

Barua hiyo naihifadhi mpaka leo. Iliniondolea dhana ya mlinzi wa usiku na ya baba yangu kwa pamoja. Kwotabeki wa Pittsburgh ana nyumba. Nusu ya michezo yake yote huchezwa humo, na watu walewale hukaa viti vilevile mpaka wakazeeka pamoja naye. Mkimbiaji hana nyumba ya namna hiyo. Uwanja wake uko popote penye shindano, na mashindano mengi yenye malipo yako Ulaya, Marekani na Asia. Tazama watu wa kaunti zetu mbili tu, Kericho na Bomet. Joyce Chepchumba wa Kericho alishinda marathoni ya London mara mbili, ya Chicago mara mbili, na ya New York, akapata shaba ya Olimpiki Sydney. Paul Kipsiele Koech, aliyepata shaba Athens katika mbio za kuruka viunzi na maji, alikimbia mbio zake bora kupita zote, dakika 7 na sekunde 54.31, mjini Roma 2012. Mercy Cherono wa Bomet alichukua fedha ya dunia ya mita 5,000 Moscow 2013. London, Chicago, Sydney, Athens, Roma, Moscow! Hakuna hata mji mmoja katika orodha hiyo ambao mchumaji wa Mogogosiek au wa Kapkoros angeweza kuufikia kwa miguu, wala kwa matatu, wala kwa akiba ya mwaka.

Najua nitajibiwa kwamba yapo mashindano ya taifa Nairobi, na ni kweli, nami nimekwenda mara kadhaa. Lakini Nairobi iko zaidi ya kilomita 200 kutoka Bomet, na siku ya kuchuma ikipita jani hukomaa. Mwenye shamba dogo hawezi kuliacha. Hata Eliud Kipchoge, mtu wa Nandi ambaye dunia nzima inamjua, aliposhindwa kuendelea na marathoni ya Olimpiki mjini Paris tarehe 10 Agosti 2024, fulana yake na viatu vyake aliwapa watazamaji waliokuwa kando ya barabara ile. Siwaonei wivu waliovipata, kwa maana walikuwapo. Naumia kwa sababu sisi hatukuwapo.

Sasa nifikie jambo ambalo limenifanya niandike. Kiprugut alikuwa hai miaka yote hiyo, katika kaunti ileile ninayoishi, chini ya mvua ileile. Mnamo 1989 niliandika barua ya kumwalika shuleni kwetu siku ya michezo, aje tu aonekane, atembee mzunguko mmoja, watoto waseme wamemwona. Kabla sijaipeleka mitihani ikaingia. Nikaiahirisha mpaka muhula unaofuata. Muhula uliofuata nikaona haya kumwalika mtu wa heshima yake kwenye uwanja wenye mistari ya majivu. Barua ikalala ndani ya mtoto wa meza. Nilipostaafu 2006 niliikuta humo, imekuwa na rangi ya chai. Na hata baada ya hapo nilikuwa na miaka 16 zaidi, wala sikuitumia.

Alifariki tarehe 1 Novemba 2022, akiwa na umri wa miaka 84. Nilizisikia habari redioni, kama nilivyozisikia zile za Tokyo. Watu walisema maneno mazuri, na yote yalikuwa kweli, na hakuna hata moja lililomfikia. Mwaka uliofuata, tarehe 20 Oktoba 2023, Siku ya Mashujaa iliadhimishwa kitaifa hapa kwetu, katika uwanja wa Kericho Green, uliokuwa umetengenezwa upya kwa ajili hiyo. Nilisimama nikazitazama njia zile za kukimbilia, nikahesabu: zilikuwa zimebaki siku kumi na mbili tu kutimia mwaka mmoja tangu afariki.

Desemba hiyo yule mwanafunzi wangu wa 1986 alikuja nyumbani kumwona mama yake. Alikuwa na mvi sasa, na miaka hamsini na mitano. Alipokuja kunisalimu nilimwomba jambo ambalo alidhani nafanya mzaha, mpaka alipouona uso wangu. Asubuhi ya pili nikaenda kwa mama yake, nikamkuta katikati ya majani, kikapu mgongoni. "Chamgei, mama," nikamwambia, "leo acha majani kidogo, twende uwanjani." Hakuniuliza sababu. Walikuja pia majirani, na watoto waliokuwa likizoni, na mwanamke mmoja aliyekuwa akipita na punda wake wa maji akasimama kuona kuna nini.

Uwanja una mteremko wake bado, ingawa mikaratusi imeongezeka upande wa nne hata inaficha pembe moja. Alivua koti, akakimbia mizunguko miwili. Saa yangu ya zamani ilikuwa mfukoni, sikuitoa. Alipomaliza aliinama, mikono magotini, akihema kwa sauti, na watoto wakapiga makofi kwa adabu kama wanavyompigia mgeni. Mama yake, aliyekuwa amesimama kimya muda wote huku ameshika ncha za leso yake, alinigeukia.

"Mwalimu, ndivyo alivyokuwa akikimbia huko?"

"Kwa kasi zaidi, mama."

Akafikiri. Kisha akasema, "Basi mwambie arudie. Alipopita nyuma ya miti ile sikumwona."

Nikamwambia. Akacheka, akafuta jasho kwa mkono wa shati, akarudi kwenye mstari.